Mchimba Ngoro wa Dini ya Ovyo

Saa moja na nusu asubuhi, ukungu haujaachia vilima vya Mapera, wilayani Mbinga, na Vitalia Ndunguru amekwisha kumaliza mashimo manne. Anachimba la tano. Jembe linapanda, linashuka, udongo unafunika nyasi zilizolazwa, na tuta linanyooka bila kamba wala kijiti cha kupimia. Anarudi hatua moja nyuma, anafumba jicho moja, anaguna. Upande wa kushoto umepinda kwa upana wa kidole. Anaurekebisha.

Ungemkuta hapo usingeamini kwamba mama huyu wa miaka hamsini na mmoja ni muumini wa dini inayoabudu vurugu.

Dini yenyewe inaitwa Ovyo. Ina waumini kumi na tisa na nyumba ya ibada yenye mlango tu: fremu, ubao na kitasa, vimesimamishwa mlimani bila ukuta hata mmoja. Ukifika ni lazima ubishe hodi. Wanamwabudu Mvurugaji, ambaye wanasema aliiumba dunia akiwa anatafuta kitu kingine. Nyimbo huimbwa zote kwa pamoja, kila mtu na wake. Mahubiri ni kipande chochote cha gazeti kuukuu. Jumapili iliyopita kilisomwa tangazo la mnada wa ng'ombe, na mwandishi wa makala haya anakiri kwamba lilimgusa.

Mwanzilishi ni mzee Fabiano, mwenyeji wa Ngumbo kule ziwani, aliyepiga kengele ya shule kwa miaka thelathini na moja. "Nilipostaafu nikawa naamka, nakula, hata kukohoa, kwa saa," anasema. "Nikaona huu ni ugonjwa. Nikaanza kujitibu. Watu wakanifuata."

Vitalia hakufuata kwa ajili ya kucheka. Miaka minne iliyopita mumewe, Kilian, alipigwa na radi akipalilia pamoja na watu wengine wanane. Wanane hao hawakuguswa hata unywele.

"Kila aliyekuja msibani alikuja na sababu," anasema, macho kwenye jembe. "Huyu aliniambia ni mpango wa Mungu. Yule akasema Kilian aligombana na watu. Wifi yangu Rosina akasimama mbele ya waombolezaji wote akauliza, 'Umemfanya nini kaka yangu?' Mimi! Niliyemfulia shati alilofia."

Fabiano alikuja siku ya tatu, akakaa mkekani, akamwambia maneno machache tu: "Haina maana, mama. Haina maana kabisa."

"Usiku ule nikalala," anasema Vitalia. "Mtu wa kwanza ambaye hakunipa mzigo wa kubeba."

Tatizo ni kwamba kazi yake haina ovyo hata chembe. Ngoro ndiyo kilimo cha Wamatengo, wenyeji wa milima hii, tangu enzi za mababu. Nyasi zilizofyekwa hulazwa kwa mistari inayokatana kama fremu ya dirisha, kisha udongo wa katikati huchimbwa na kuzifukia. Linabaki shimo, na matuta pande zote nne, ambayo ndiyo hupandwa maharage. Mvua ikishuka mlimani, kila shimo hupokea mgawo wake na udongo unabaki mahali pake. Mstari ukikosewa, maji hayasamehe.

Hilo Vitalia alilijua tangu utotoni, na bado mwaka jana akakosea kwa makusudi. Kila mwaka waumini wana Siku ya Kuvuruga, ambapo kila mmoja hufanya jambo moja lisilo na sababu. Fabiano alitembea kwa miguu hadi Mbinga mjini kununua kiberiti kimoja, akarudi, akaazima moto kwa jirani. Vitalia alitoa nusu ekari yake, wenzake wote waingie wachimbe wanavyotaka.

"Shimo moja la duara, jingine la pembe tatu, jingine refu kama kaburi. Matuta yanaishia hewani. Tulicheka mpaka tukakaa chini."

Siku tatu baadaye mvua ilinyesha. Maji yalikosa pa kukaa, yakajikusanya njia moja na kuteremsha udongo wote chini ya mlima, juu ya maharage machanga ya Rosina.

Ukoo ukakaa kikao. Shamba ni la ukoo wa Kilian, na uamuzi ulikuwa mfupi: udongo ukishuka tena, shamba linarudi. Vitalia analea wajukuu wawili. Kibarua cha kuchimba kwa wenye mashamba humpa shilingi elfu tano kwa siku, tena msimu wenyewe ni wiki chache tu. Nusu ekari hiyo ndiyo sufuria yake.

"Nimemwambia mzee, ngoro haichezewi tena," anasema. "Nilidhani atanifukuza."

Fabiano hakumfukuza. "Kuvuruga shamba mara mbili?" anauliza kwa mshangao wa kweli. "Huo si utaratibu huo?"

Basi Siku ya Kuvuruga mwaka huu atafanya nini? Vitalia anaweka jembe chini kwa mara ya kwanza asubuhi hii.

"Nitamchimbia Rosina."

Rosina ni mjane pia, na nyonga yake ni mbovu. Shamba lake bado ni nyasi tupu.

"Hajaniomba, wala hatanishukuru. Alinivunjia heshima mbele ya maiti ya mume wangu. Wewe uliyesoma niambie, nina sababu gani ya kwenda?"

Anaokota jembe lake.

"Basi. Hiyo ndiyo ovyo." Kisha anaongeza kwa sauti ya chini, "Naogopa, mwanangu. Akinifukuza sijui nitaweka wapi uso wangu."

Mwandishi anateremka hadi kwa Rosina, anampa shikamoo, anamweleza. Rosina anaendelea kuchambua maharage kwenye ungo.

"Simhitaji," anasema.

Anatupa pembeni punje mbovu. Anauliza siku hiyo inaangukia lini. Mwandishi anamwambia kwamba hakuna ajuaye, tarehe hupigiwa kura.

"Watu wa hovyo kweli hao," anasema Rosina, na kuweka ungo chini. "Mwambie wifi asingoje kura. Maharage hayangoji. Aje kesho, ila asije na wenzake."