Mwanachuoni wa Zamu za Kivuli

Ukitoka Samad Ash Shan kwenda Ibra asubuhi, jua linakukaa usoni. Ukirudi alasiri, limeshahamia upande wa pili, linakukaa usoni tena. Njia hiyo mimi naiendesha mara tatu kwa wiki, nampeleka mama kusafishwa damu, maana figo zake zimestaafu kabla yangu. Kile kibao cha kuzuia jua upande wa dereva kilikatika zamani. Upande wa mama kizima. Basi mwanachuoni wangu alizaliwa hapo, katika kukunja uso.

Nasema mwanachuoni, lakini elimu msinitegemee. Shule niliiacha katikati, ikaendelea bila mimi wala haikutuma mtu kuniulizia. Kazi yangu gari la maji, najaza watu matangi. Ila mwanzo mama alikuwa hataki kwenda Ibra kabisa. Anavaa buibui lake, anakaa mlangoni, anasema, "Baba, niache na damu yangu chafu, nishaizoea." Na daktari alishatwambia waziwazi, akiacha hatukai naye. Nikaona lazima nipate kitu cha kumtia garini.

"Paukwa," nikamwambia.

"Asubuhi hii? Kwetu Unguja hadithi zilikuwa usiku, mchana watu wana kazi."

"Kazi yako ndiyo hii. Paukwa."

"Pakawa," akasema, akaingia garini, akafunga mkanda.

Nikamwambia ipo nchi haina kivuli. Milima iko, mitende iko, lakini jua la huko linapenya kila kitu kama kioo. Kivuli kinatoka pangoni, kinateremka kwenye mfereji kama maji ya falaji yaendayo mashambani, na watu wanagawana kwa zamu. Huyu mpaka adhuhuri, yule mpaka alasiri. Anayejua zamu za wote ni mwanachuoni mmoja, mwembamba, kasoma mpaka mgongo umepinda. Mtu akizaliwa anamkatia zamu yake, akifa anawagawia warithi.

Mama akakamatika. Kila safari kesi mpya. Mara ndugu wawili wanagombania kivuli cha baba yao, mara bwana kaiba cha jirani kakificha mtungini. Mimi naeleza, mama anahukumu. "Huyo wa mtungi anyimwe zamu mpaka Ramadhani." Jioni anampigia simu dada yake aliyeko Sur. "Leo mwanachuoni wetu kateswa na watu, wallahi. Kutwa juani."

Dada wetu wa kazi, wa kwao Tanga, alikuwa akikaa kiti cha nyuma amepakata mto wa mama. Siku moja akauliza, "Kaka, na yeye mwenyewe zamu yake saa ngapi?"

"Hana zamu. Mgawaji hajigawii."

"Jamani. Kama sisi."

Tukacheka. Mimi nilicheka kidogo kuliko wao.

Yakaenda hivyo, miaka. Mtu akichoka kubeba anatua, akichoka kuendesha anaegesha pembeni. Akichoka kubuni afanyeje? Alfajiri najaza maji, asubuhi Ibra, namsubiri mama barazani mpaka shingo inakauka, jioni maji tena, na katikati ya yote hayo kichwa changu kinatafuta watu wapya wa kugombania kivuli. Nilifika mahali nasimulia nimesinzia nusu, na mama ananipiga begani, "Wewe, mwanachuoni unamwacha mlangoni kwa watu."

Basi siku moja, tunakaribia Ibra, jua limeniingia mpaka kwenye ubongo, nikamwambia, mwanachuoni alipanda mpaka pangoni, pale kivuli kinapotoka. Akasema leo tu, mara moja tu. Akajinyoosha. Akafa.

Mama akanigeukia.

"Kwa kupumzika?"

"Ndiyo, mama."

"Umemuua mtu kwa kupumzika."

Siku ile alisafishwa damu hasemi na mtu. Safari iliyofuata nikamkuta kakaa kwenye godoro, hakuvaa. "Nakwenda kufanya nini? Aliyekuwa akinichukua keshakufa."

"Mama, alizimia tu. Walimmwagia maji, akaamka."

"Mwanangu, maiti haichezewi."

Nikambembeleza mpaka saa ikapita. Hospitali wakapiga simu, wakasema mleteni hata kesho, hata jioni, lakini mleteni. Usiku miguu ikavimba. Asubuhi hataki, adhuhuri hataki. Mtu na elimu yake ndogo nimefanikiwa kufanya jambo moja kubwa duniani, kumuua mama yangu kwa hadithi.

Baada ya sala ya adhuhuri gari likasimama nje. Khaloo, yule dada yake wa Sur, kavaa nyeusi, kashika halwa na chupa ya kahawa. Mama alikuwa amemlilia kwenye simu kwamba mwanachuoni kafariki. Na khaloo, miaka yote anasikia habari zake, alijua ni mzee wa hapa kwetu, jirani.

"Shikamoo, khaloo."

"Marahaba, baba. Poleni kwa msiba. Kazikwa wapi?"

Nikamwambia ukweli, sina njia. Kwamba hakuzikwa popote maana hakuwepo. Akanitazama kama ninavyotazamwa tangu shule.

"Nimetoka Sur, nimepita Al Kamil na jua lile, nije niambiwe hakuwepo? Mimi nimekuja kuhani, nitahani." Akaingia, akakaa kando ya mama, akammiminia kahawa. Mama akapokea mkono wa pole kama mfiwa khasa. Kisha khaloo akauliza lile linaloulizwa kila msiba.

"Na mjane yuko wapi? Nikampe mkono."

Mama akasita. "Hakuwa na mke."

"Mwanachuoni mzima hana mke? Nguo alikuwa akifuliwa na nani?"

Wakanigeukia wote, na dada wa Tanga kasimama mlangoni na sinia.

"Alikuwa naye," nikasema.

"Mbona hukumtaja hata siku moja?" mama akauliza.

"Mama, tangu lini mwanamume anamtaja mke wa mwenziwe mbele za watu? Nilimsitiri."

Ndivyo alivyonilea. Akaweka kikombe chini.

"Kwa hiyo sasa yuko eda?"

"Yuko eda. Miezi minne na siku kumi ndani ya nyumba."

"Na zamu za watu nani anagawa? Na yeye nani anamtazama?"

"Nitakwambia njiani."

Akanitazama muda mrefu. Alijua, mie nadhani alijua. "Nipe buibui langu," akamwambia dada.

Khaloo naye akapanda, akakaa nyuma na dada. Akasema hawezi kumwacha mfiwa aende peke yake. Tukatoka, na kwa kuwa ilikuwa alasiri, jua kwa mara ya kwanza liko nyuma yetu. Kichwani sina kitu, mjane hata mlango wa nyumba yake siujui ulipo, na nimejipa miezi minne na siku kumi.

"Paukwa," nikasema.

"Pakawa," wakaitikia wote watatu.

Mbele yetu barabarani kivuli cha gari kilikuwa kinatutangulia. Nikaanza na hicho.