Kidole Changu cha Mguu Mbele ya Hakimu

Shule niliishia darasa la pili, kule kambini Tanzania, lakini niliporudi Burundi nilifyatua matofali mazuri kuliko yote kuanzia Makebuko hadi Gitega mjini. Sijisifu, yapo, yaangalieni wenyewe. Wengine walichora herufi kwenye matofali yao. Mimi, kila tofali likiwa bado laini, nililikanyaga kwa kidole gumba cha mguu wa kulia. Kidole hicho kimepinda kama pembe ya mbuzi tangu kiangukiwe na jiwe, na duniani hakuna kingine cha namna hiyo.

Basi jirani yangu wa ng'ambo ya kijito akaniibia matofali mia mbili kabla sijayachoma. Nikamshitaki. Polisi wakayapeleka yote kwenye uwanja wa mahakama ndogo ya kwetu yawe ushahidi, na kesi ikakaa huko pamoja nayo. Miezi ikapita. Mawingu yakaanza kujikusanya, na tofali bichi likinyeshewa hurudi kuwa udongo. Mama yangu alikuwa Gasorwe, mkoani Muyinga, chini ya paa linalovuja, nami nilikuwa nimeshamtumia habari kwamba mvua za mwaka huo zitamkuta kwangu, kwenye nyumba yake iliyobakiza matofali hayo tu.

Manyunyu ya kwanza yalitukutanisha mimi na mwizi pale uwanjani, kila mmoja na majani yake ya migomba, tunafunika.

"We mzee, funika vizuri matofali yangu," akaniambia.

"Yako? Na kidole changu kimo ndani?"

"Mi pia niko na kidole."

Nikanunua viatu vyeusi vya ngozi, vyenye ncha, nikaenda Gitega kwa miguu ili watu wa vilima vyote wavione. Kwenye mahakama ya juu nilieleza vizuri mno, hata hawakuwa na swali la kuniuliza. Safari ya pili, kwa viatu vilevile, nikatoka na barua yenye mhuri: mahakama ya chini iamue shauri langu haraka, bila kuahirisha tena.

Niliipeleka kwa mkono wangu. Hakimu wetu, mama mmoja mpole mwenye miwani, akaisoma mara mbili.

"Kesho asubuhi," akasema.

Asubuhi hiyo nilifika nachechemea. Kilima kizima kilikuwepo. Karani akaweka tofali moja chini mbele yangu, hakimu akasema, "Haya bwana, weka kidole."

Nikavua kiatu. Watu wakaguna. Kidole kilikuwa kimevimba kama yai la bata, hata ukucha haukuingia kwenye shimo la tofali.

"Pole, mzee," akasema jirani. "Alors, sasa hicho ni cha tofali gani?"

Nikakunja mikono. "Mheshimiwa, naomba tuahirishe wiki moja tu."

Walicheka mpaka karani akaangusha kalamu. Hakimu akainua barua yangu. "Bila kuahirisha tena. Si wewe uliyeifuata Gitega?"

Nje kukanguruma. Nikaiona nyumba ya mama inayeyuka. Hapo akili yangu, ile isiyotoka shuleni, ikafanya kazi.

"Basi na huyu mwenye kidole aweke chake!"

Jirani akaweka. Shimo linapinda kulia, kidole chake kimenyooka kama penseli. Akasukuma. Tofali likapasuka. Akaletewa la pili, akakanyaga kwa nguvu zote, nalo likapasuka. Alipoletewa la tatu nikapiga kelele, "Mheshimiwa, anamaliza nyumba ya mama yangu!"

Jirani akakaa chini, ameshika mguu. "Bon, sawa. Ni ya kwake. Kidole kinaniuma."

Hukumu ilitoka palepale: ayarudishe yote siku hiyohiyo, akiyabeba kichwani. Aliyabeba, nami nikifuata nyuma nikimhimiza, hadi la mwisho likaingia bandani kwenye tanuri. Dakika hiyo mvua ikaanguka.

Mama alikuja wakati mvua zimekolea. Aliingia, akapapasa ukuta wote polepole, shimo la kidole moja baada ya jingine, kisha akaniuliza kwa nini huku kwetu mafundi wanajenga kwa miguu.