Posa ya Prosper na Rimu za Kumi na Saba

Nianze kwa kukiri, maana nikianza kwa kujitetea hamtanisikiliza: siku familia yetu ilipopeleka posa Kilema, mimi Felista, mtu mzima wa miaka arobaini na tatu, mwimba kwaya, mwenye duka la madaftari pale Mawenzi, Moshi mjini, niliwapelekea wakwe zetu msiba ambao haukuwepo. Hakuna aliyekufa, lakini watu walilia na rozari ilisaliwa, na yote yalitokana na rimu nne nilizozichagua kwa macho yangu mwenyewe huku fundi akinikataza na mimi nikimwona anajifanya mjuaji.

Gari langu ni kile kigari kidogo cha milango mitano, na matairi yake yalikuwa yamebaki vipara, kwa hiyo kuyabadilisha halikuwa kosa. Kosa lilianza nilipofika kwa Fundi Shabani nikaona, zimetundikwa ukutani, rimu za inchi kumi na saba zenye vijiti vyembamba vinavyong'aa, tayari zimevaa matairi mapana. Mtu una duka la madaftari, umezoea maisha ya mistari ya bluu, unakutana na kitu kinachong'aa namna ile, utafanyaje.

Fundi Shabani ni mtu mpole (familia yao iko mjini Moshi tangu babu yake, na wote wamekula kwa kazi ya magurudumu). Hakubishana na mimi. Alifungua mlango wa dereva akanionyesha karatasi iliyobandikwa kwenye nguzo ya mlango, ambayo nimeendesha gari hilo miaka sita sijawahi kuisoma. Pameandikwa saizi ya tairi, rimu inchi kumi na nne, na upepo wake.

"Gari limeandikiwa dawa yake hapa, dada Felista," akasema.

Nikamwambia ajaribu tu. Akajaribu, na matundu ya nati yakaingia sawasawa, nikamtazama kama mtu aliyeshinda kesi.

"Nati kuingia siyo kuenea," akasema. "Rimu hii inatoka nje kuliko yako, na ikiwa na tairi lake inaizidi yako kimo. Ukiwa peke yako itazunguka vizuri. Ukipakia watu, bodi inashuka, tairi halishuki, vinakutana."

Sasa Fundi Shabani ana utaratibu wake: gari likibadilishwa saizi, haliondoki mpaka wateja waliokaa kwenye benchi waingie wote ndani, walipitishe juu ya tuta lililo mbele ya karakana, yeye akiwa amechuchumaa anasikiliza. Siku hiyo kwenye benchi palikuwa na wanaume wawili na mama mmoja mnene mwenye gunia la mkaa. Mimi nilikuwa nimetoka kufua vitambaa vya viti. Nikamwambia, kwa sauti ya kujiheshimu sana, kwamba abiria wangu ni mkoba wangu tu, na watu wa mkaa siwahitaji. Aliniambia tu kwamba zile kumi na nne ataniwekea, nisiziuze kwanza.

Na hapo ndipo akili yangu ilipolala, kwa sababu ilikuwa Jumanne, na Jumamosi yake nilikuwa nimeshajitolea kuwapeleka wazee posani. Nilitaka tufike tukiwa na sura. Nikaona rimu zimekuja kwa wakati wake.

Niwaeleze hiyo posa. Mdogo wangu Prosper alikuwa anampenda Neema, binti wa Mzee Aloyce wa Kilema, na Mzee Aloyce alishatukataa mara ya kwanza, mara ya pili akasema tusubiri. Alisikika akisema sisi tuliohamia mjini tuna mbwembwe nyingi. Mara ya tatu alikubali kupokea mbege yetu, ile pombe ya ndizi ya posa, Jumamosi saa nne kamili, na akatuma neno kwamba tukichelewa tusihangaike tena. Baba yetu ni marehemu, hivyo msemaji alikuwa baba mdogo Evarist, katekista wa miaka thelathini, mstaafu. Prosper alikuwa amekonda kwa ajili ya jambo hili. Alikuwa hali mpaka asukumwe.

Jumamosi asubuhi tukapakia. Madumu mawili makubwa ya mbege nyuma, na kwa kuwa buti ni dogo mlango wake ukakataa kufunga, tukaufunga kwa kamba, na shangazi Pelagia akayafunika madumu kwa shuka jeupe vumbi lisiingie. Baba mdogo akakaa mbele na suti yake nyeusi (anayo hiyo moja). Nyuma akaingia Prosper, halafu akaingia shangazi, ambaye kwa umbo hakunyimwa, na alipokaa nilisikia chini kitu kimeguna. Nikawasha redio.

Kwenye lami tulikwenda vizuri, ila kila tuta lilitupa sauti ya kukwaruza ambayo nilisema ni mawe. Tulipoacha barabara kubwa tukaanza kupanda kwenye njia ya vumbi, sauti haikusubiri tuta tena, ikawa inakwaruza mfululizo, na harufu ya mpira unaoungua ikaingia ndani. Nikasimama. Prosper akachuchumaa, akanionyesha: ukingo wa madigadi ulikuwa umekula bega la tairi la nyuma, mstari mzima, kama umepitishwa kisu, na upande wa pili vilevile.

"Dada, hili likipasuka hatufiki," akasema. Mimi nikaona aibu ya kwanza ya siku hiyo.

Saa ilikuwa tatu na nusu, na zilibaki kama kilomita mbili. Spea ilikuwa moja, tena ile ndogo ya zamani. Pikipiki ilipita, lakini baba mdogo alikataa kufika kwa wakwe amemkumbatia kijana kiunoni, na shangazi akasema mbege ya posa haitikiswi kwenye pikipiki ikafika povu tupu. Kwa hiyo tukaamua: mbege ibaki, watu washuke. Mimi niendeshe taratibu, taa za tahadhari zikiwaka, na wao watembee nyuma wakiyaangalia matairi, likianza kugusa wapige bodi. Kweli, gari liliinuka kidogo, kukwaruza kukapungua, nikafunga vioo kwa ajili ya vumbi na nikaanza kujipongeza.

Sasa hebu litazameni gari hilo kwa macho ya mtu anayepalilia kahawa yake kando ya njia. Linapanda mwendo wa miguu. Taa zinawaka na kuzima. Buti limefungwa kwa kamba na ndani yake kuna kitu kimefunikwa shuka jeupe. Nyuma yake anatembea mzee wa suti nyeusi, mama mtu mzima amejifunga khanga kichwani, na kijana ameinamisha uso. Wa kwanza akavua kofia. Wa pili akaacha jembe, akafuata.

Haya nilisimuliwa baadaye, maana mimi mbele sikusikia kitu. Kule watu wanazikwa nyumbani, kwenye kihamba chao, shamba la ukoo, chini ya migomba yao wenyewe, na msiba ukipita njiani husimami ukauliza maswali, unafuata, jina utalijua mbele. Bibi mmoja ndiye pekee aliyejaribu kuuliza. Alimsogelea shangazi akamwambia kwa upole, "Tunampeleka wapi?" Shangazi pumzi ilikuwa imemwishia, akaonyesha juu kwa kidevu. Mama mwingine alimshika Prosper mkono, akawa anamwongoza, na Prosper akadhani ni ukarimu wa watu wa Kilema.

Mtaniuliza, na baba mdogo je? Hapo ndipo ninaposhindwa kabisa. Mwanamke mmoja akaanzisha rozari, na baba mdogo, ambaye wazo lake lote lilikuwa kwenye matairi na saa, akaitikia. Miaka thelathini ya ukatekista, mdomo unaitikia wenyewe. Alipoanza kuitikia yule wa suti nyeusi, nani angekuwa na shaka tena? Aliniambia kwamba alishtuka wapo kwenye fumbo la tatu, akaona kukatisha sala katikati si adabu.

Mimi niliona watu kwenye kioo. Niliwaona wakiongezeka, kumi, ishirini, na (nisemeni mnavyotaka) nilidhani wanasindikiza gari kwa sababu ya rimu. Nikapunga mkono.

Tulifika saa nne kasoro dakika tano. Nikazima gari mbele ya boma la Mzee Aloyce, nikafungua mlango, na ndipo sauti ikaniingia: watu kama arobaini wanasali kwa pamoja, polepole, wanapita kando ya gari langu kuingia uani. Mama yake Neema alikuwa amesimama kwenye mlango wa jiko, mwiko mkononi. Nilimwona anatabasamu, halafu nikaona tabasamu linaondoka. Mwanamke wa kwanza akamkumbatia, akamwambia, "Pole, mama. Mungu ndiye mpangaji."

Mama yule hakulia. Alikaa chini palepale, kwenye majivu, miguu ameinyoosha.

Mzee Aloyce akatoka na koti lake zuri, saa mkononi. Akawatazama watu, akamtazama mkewe.

"Nani?" akauliza.

Hakuna aliyejibu, kwa sababu hakuna aliyejua. Watu arobaini wakawa wanatazamana.

"Nauliza ni nani," akasema tena.

Na mimi, nimeshuka kwenye gari na gauni la njano na viatu vinavyong'aa karibu sawa na rimu, kila jicho likanigeukia, sikupata neno lingine kichwani isipokuwa lile nililokuwa nimelifanyia mazoezi. Nikapiga goti. "Shikamoo, baba. Tumeleta posa."

Sijui nilipiga goti muda gani. Najua baba mdogo alikwenda kwenye ua, ambao ni wa masale, akavunja isale moja, akaja nayo. Kwa asiyejua, isale ni jani refu tunaloombea msamaha, na ukipelekewa hilo huwezi kukataa kumsikiliza aliyelishika. (Ndiyo, alilivunja kwenye ua wa mwenye nyumba mwenyewe. Siku hiyo tulikuwa tumeshavuka mipaka yote.) Nilidhani atalipeleka yeye kama msemaji. Akaniwekea mimi mkononi.

"Magurudumu ni yako," akasema.

Nikasema yote mbele ya watu wote, kuanzia kwenye karatasi ya mlangoni ambayo sikutaka kuisoma, nikasema na hao watu wa benchi niliowadharau, nikasema nilitaka tuonekane. Mzee Aloyce akaliendea gari, akainama kwa taabu, akapitisha kidole kwenye mkato wa tairi, akakitazama kidole.

"Hizi ni za gari gani?"

"Sijui, baba. Si za hili."

Akatoa pumzi puani, sijui ilikuwa hasira au kicheko, lakini nyuma yangu mtu mmoja alicheka waziwazi, kisha wakacheka wengi, na bibi yule aliyeuliza njiani akasema kwamba basi kama ni mbege si vibaya, wameshafika. Nikamnyooshea Mzee Aloyce isale kwa mikono miwili. Hakuipokea.

"Mimi nilikasirika tu," akasema. "Mpelekee aliyekaa chini."

Jikoni nilimkuta ameshasimamishwa, amekalishwa kwenye kigoda, amegeukia ukuta. Uani nilisikia baba mdogo ameanza kuzungumza na Mzee Aloyce anamjibu, kwa hiyo mambo ya Prosper yalikuwa yameanza kwenda, na ningefurahi, lakini sikuweza. Nikapiga goti mara ya pili, nikamnyooshea jani.

"Mwanangu," akasema, "nilipowaona mnaingia na rozari nilianza kuwahesabu watoto wangu. Ninao sita. Nilikuwa natafuta ni yupi. Nilifika kwa wa nne nikashindwa kuendelea."

Alipokea isale, akaiweka juu ya rafu, akaniambia pole kwa kutembea, aika, yaani asante, kwa kuja, halafu akanisogezea kigoda, beseni la ndizi na kisu, nimenye, maana watu waliokuja walikuwa wengi kuliko chakula. Nikamenya. Yeye akachukua simu yake.

Akampigia wa kwanza, yuko Mkuu kule Rombo. Akamuuliza, "Umekula?" Akasikiliza, akakata. Akampigia wa pili, Dar es Salaam. "Umekula?" Wa tatu hakupatikana mara moja, nikaacha kumenya mpaka alipopokea. Wa nne, wa tano. Hakumweleza hata mmoja kilichotokea. Wa sita ni Neema mwenyewe, alikuwa chumba cha pili anavaa, na mama akamwita kwa jina, akaitika, "Abee, mama," na mama akasema hakuna kitu, nilikuwa nakuita tu.

Huko nje walikuwa wanaanza kupiga vigelegele. Mimi vidole vyangu vimejaa utomvu, macho yanawasha, nikaapa palepale kwenye kigoda: rimu za watu zikae ukutani kwa watu, mimi nitavaa kumi na nne zangu mpaka gari lichakae, na fundi akiniambia nisubiri nitasubiri.