Mganda wa Nyasi Mlangoni kwa Maertge

Mtu akikwambia Lambert Cornelisz ndiye aliyejua kuchora mambo ya mekoni na vilabuni kuliko wote hapa mjini Haarlem, mcheke usoni. Miaka kumi ya mwisho mikono ilimtetemeka hata bia ikamwagika kabla ya kufika mdomoni. Aliyechora ni mkewe, Maertge. Najua, maana mimi ndiye yule mwanamke mnene anayeuza samaki kwenye nusu ya picha zao, na aliyekuwa akinifokea "Neel, acha kujikuna!" hakuwa Lambert.

Maertge ni binti wa mchora vibao vya maduka. Aliolewa akiwa na miaka kumi na tisa, akawekwa kusaga rangi kwenye karakana ya mumewe. Mikono ya mume ilipoanza kucheza, brashi akaishika yeye. Hakuchora wafalme wala malaika. Alituchora sisi: mama anamtoa mwanawe chawa, walevi wanagombania karata, mjakazi kasinzia na paka anakula nyama ya bwana. Chini liliandikwa jina la Lambert, kwa sababu chama cha wachoraji kinasema kazi yote ya karakana ni ya fundi mkuu. Lambert mwenyewe aliona haya. Watu wakimsifu anatazama viatu.

Mwaka wa tauni aliugua Jumatatu, Jumatano tukamzika. Mlangoni ukatundikwa mganda wa nyasi kavu, kama nyumba zote zilizoingiwa na tauni, na kwa wiki sita Maertge hakutoka bila fimbo nyeupe mkononi ili watu wampishe. Mimi nilimwekea samaki kizingitini nikatimua mbio. Basi humo ndani, peke yake, akachora picha iliyozishinda zote: mlango wake, nyasi zake, yeye na fimbo yake, na mimi nimenyoosha mkono na samaki huku uso nimeugeuzia kule. Aliniumbua, lakini ndivyo ilivyokuwa. Pembeni akaandika jina lake, mara ya kwanza maishani.

Wiki sita zilipokwisha nikaingia kumwona, na siku hiyohiyo wakuu wa chama wakaja, Mzee Huygh mbele, tumbo likitangulia na yeye akifuata.

"Kazi nzuri mno ya marehemu," akasema. "Ila jina umekosea, mama."

"Sijakosea, mzee. Nimeichora mimi."

"Wewe si mwanachama. Na mnunuzi yupo, anataka ya Lambert."

Nikashindwa kunyamaza. "Mzee, hebu tazama mlango hapo pichani! Hizo nyasi zilitundikwa kwa ajili ya nani? Marehemu alifufuka akaja kuzichora?"

"Nyamaza, muuza samaki."

"Nikinyamaza utanunua samaki kwa nani?"

Mwenzake akakohoa kuficha kicheko. Huygh akainama, akazikodolea macho zile nyasi. Nikadhani aibu imemshika. Kumbe anatafuta njia!

"Basi zifute," akamwambia Maertge. "Zipake rangi ya mlango. Jina weka la mumeo. Ukikubali, karakana utaendelea nayo. Ukikataa, hutauza hata picha moja mji huu."

Yaani mtu ameuona ukweli kwa macho yake mawili, na dawa yake ni kuupaka rangi!

Maertge akachukua brashi. "Shoga, utakula nini?" nikamnong'oneza. Akachovya kwenye nyeusi, na katikati ya ule mlango akaandika kwa herufi kubwa: Maertge Floris aliichora hii baada ya kumzika mumewe.

Huygh akawa mwekundu kama kaa aliyechemshwa. "Umeiharibu!"

"Sasa iuzeni ya Lambert," akasema Maertge, akaanza kuosha brashi.

Wakaibeba vilevile rangi haijakauka. Karakana wakaifunga juma lilelile. Maertge yuko Alkmaar kwa dada yake, anachora maua kwenye vigae vya mekoni, na vigae haviandikwi jina la mtu. Huku majumbani kwa matajiri wageni wanaonyeshwa walevi wake na mjakazi wake, wanaambiwa, huyo ndiye Lambert, hana mfano.

Nimekwenda chamani mara tatu kuomba niione ile picha. Nimo ndani yake mimi, sina haki? Mara ya tatu karani akanijibu bila kuinua uso kwamba hawana picha kama hiyo, na mchoraji wa jina hilo hawamjui.

Hawamjui!