Aliyeshindwa Achote Maji

Nilirudi Kisangani na vitu viwili: begi la nguo, ambalo sijazoea kutoa nguo zake zote mahali popote, na kioo cha televisheni kilichofungwa ndani ya godoro. Kutoka Bunia tulikaa njiani siku tisa juu ya lori la maharage, nami nikalala kando ya lile godoro kama mtu anayemlinda mgonjwa. Abiria wenzangu waliuliza kama nimebeba kitu cha kanisa. Niliwaambia ni kioo cha kuchezea. Walicheka mpaka tukafika Niania.

Mashine yenyewe ya michezo, iliyokuwa ndani ya begi, niliipata Kampala, nilipokuwa nikitengeneza simu za watu. Ni ya kuwekwa nyumbani, chini ya televisheni, na inaweza kutoa picha mia na ishirini kwa sekunde moja. Televisheni za kawaida hupokea sitini tu, nyingine zinapotea bure. Kwa hiyo nilitafuta kioo kinachozipokea zote. Asiyeona atauliza faida yake ni nini. Nitasema hivi: katika mchezo wa magari, kwa picha sitini, ukikata kona miti ya kando inatetemeka kidogo, kama unaiangalia kupitia moshi wa jiko. Kwa mia na ishirini inapita taratibu, mmoja mmoja, hata tawi unaliona. Na gari linageuka palepale kidole kinaposogea. Hakuna kusubiri.

Nimeishi Kinshasa, Butembo, Juba, Kampala mara mbili. Kila mahali nilikodi chumba kimoja, nikacheza peke yangu. Nilikuwa hodari sana, na hakuna mtu aliyejua.

Nilirudi kwenye nyumba ya wazazi wetu, mtaa wa Mangobo. Wote wawili wamekwisha kufa, na mazishi yote mawili niliyasikia kwa simu. Nyumba ilikuwa na ufunguo mmoja, uliotunzwa na mdogo wangu, seremala anayeishi ng'ambo ya mto, Lubunga, na mke na watoto wake. Alinikabidhi siku ile ile niliyofika. Hakuniuliza nitakaa muda gani.

Lazima nieleze jinsi nilivyoondoka, maana kioo kile nilikibeba kwa sababu hiyo.

Tulipokuwa vijana, mimi na mdogo wangu, tonton mmoja, yaani mjomba, aliyelala kwetu alikuwa na mashine ya zamani, ile ya kaseti unazopuliza vumbi kabla ya kuzichomeka. Mchezo ulikuwa mmoja tu, wa magari, wa watu wawili. Bomba la uani lilikuwa limekauka tangu zamani, kama lilivyo mpaka leo, na maji tulichota kwenye chemchemi ya bondeni. Mimi ndiye niliyetunga sheria: aliyeshindwa achote maji. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, yeye kumi na miwili. Kwa hiyo alichota yeye, kila siku.

Siku niliyoondoka tulicheza asubuhi. Nilimshinda. Alichukua bidoni, dumu letu la njano la maji, akasema, "Yaya," maana ndivyo mdogo anavyomwita kaka, "usizime. Nikirudia tunaanza tena." Sikuzima. Nilisubiri mpaka nisisikie tena nyayo zake, nikavuta begi chini ya kitanda, nikaenda bandarini, ambako meli ya Kinshasa ilikuwa ikimaliza kupakia. Sikumuaga kwa sababu nilijua atalia, na akilia nitabaki. Miaka mingi baadaye mama alinisimulia kwenye simu kwamba mdogo wangu alirudi na bidoni kichwani, akakaa mbele ya gari lililosimama kwenye televisheni mpaka umeme ulipokatika. Maneti yangu, yaani kile kidude cha mkononi cha kuendeshea, hakukigusa.

Tangu nimerudi mdogo wangu alikuja kila Jumapili baada ya misa. Alivuka kwa mtumbwi, akaniletea sombe, majani ya muhogo aliyoyatwanga mke wake, akatazama paa, akapapasa mbao za mlango kwa kiganja. Kukaa, hapana.

"Keti, leki," nilimwambia, kama tunavyomwita mdogo.

"Siketi, yaya. Mtumbwi."

Kila mara ilikuwa mtumbwi. Mitumbwi ya kwenda Lubunga inavuka mpaka jua linapozama, lakini yeye alisimama mlangoni kama aliyekuja kuuliza njia. Nilitaka jambo moja tu: akae kwenye kiti, ashike maneti, tucheze. Nilikuwa nimepanga kumwachia ashinde. Baada ya hapo, nilifikiri, ningejua la kusema.

Nilimweleza habari za kioo. Alisema televisheni ni televisheni. Nikamwambia angoje umeme aone. Lakini mtaa wetu unapata umeme kwa zamu, na zamu yenyewe haina kalenda. Jumapili tatu zilipita kioo kikiwa cheusi, na sisi wawili tumesimama mbele yake kama watu waliokwenda kumwona mgonjwa asiyeamka.

Jumapili ya nne alikuwa ameshageuka aende, mara feni ikaanza kuzunguka na barabara nzima ikapiga kelele: "Courant!" Akasimama. Akavua viatu mlangoni.

"Bon," alisema. "Onyesha basi ile kitu yako."

Nilicheza mwenyewe kwanza, ili aone. Niliendesha vizuri kuliko siku zote. Barabara ilinyooka mbele yangu kama kitambaa kinachovutwa.

"Unaona?"

"Naona motokari."

"Angalia miti."

"Yaya. Umebeba kioo ndani ya godoro, siku tisa, juu ya kunionyesha miti? Enda njia ya Bengamisa, iko miti mpaka utachoka."

Nilicheka, naye akacheka kidogo, akakaa ukingoni mwa kiti. Nikampa maneti ya pili. Hapo mashine ikaandika kwa Kifaransa jambo ambalo sikuwa nimeliona hata mara moja, kwa kuwa sikuwa nimecheza na mtu hata mara moja: kwa wachezaji wawili, picha mia na ishirini hazipatikani. Kioo kikagawanyika, nusu ya juu yangu, nusu ya chini yake, na miti ikaanza kutetemeka.

"Imeharibika?" aliuliza.

"Hapana. Tukiwa wawili inashuka mpaka sitini. Zile nyingi ni za mchezaji mmoja."

Aligeuza maneti mkononi.

"Donc ulinunua mashini ya mutu wa peke yake."

Nilibonyeza tuanze.

Mzunguko wa kwanza aligonga kuta zote. Wa pili alipunguza mwendo, akawa anapita kona polepole, kwa upole, kama anapiga randa ubao asiotaka ukwaruzike. Mimi vidole vyangu vilikuwa vimezoea gari linalojibu hapo hapo. Sasa lilijibu kwa kuchelewa, kiasi cha kupepesa jicho, na kiasi hicho kilitosha. Nilifunga breki nimeshachelewa, nikaingia kwenye majani. Labda pia ni uzee. Alinipita mbele ya mstari wa mwisho, na sikuwa nimemwachia.

"Tena," nilisema.

Tukarudia. Akanishinda tena, safari hii kwa mbali.

Hakushangilia. Aliweka maneti gotini, akageuza macho kwenye kona ya chumba, ilipo bidoni. Siyo ile ya zamani, lakini ni ya njano pia.

"Sheria iko yako, yaya."

Nilichukua bidoni nikatoka. Kwenda chemchemi ni robo saa, na bado unapanga foleni. Mama mmoja aliyekuwa mbele yangu alinipima toka juu mpaka chini.

"Papa, kwako wanawake wameisha?"

"Nimeshindwa mchezo."

"Na nani?"

"Na leki yangu."

"Basi jaza vizuri. Usimwibie."

Walicheka wote. Nami nilicheka, huku nikiangalia jua. Nilianza kuhesabu: foleni, njia ya kupanda, mtumbwi wa mwisho. Mwenye haraka ya kurudi Lubunga angekuwa ameshaondoka. Akiondoka, nilifikiri, sitakuwa na neno la kumlaumu hata moja. Nilipanda kilima kwa haraka, maji yakinimwagikia mgongoni. Katikati ya njia redio za majirani zilinyamaza zote kwa pamoja. Umeme ulikuwa umekwenda.

Nilipofika mlangoni, viatu vyake havikuwepo.

Nilisimama hapo na bidoni begani. Kisha nikasikia kiti kinalia ndani.

Alikuwa amekaa mbele ya kioo cheusi, viatu mguuni, tayari kwa safari. Maneti yangu ilikuwa pale pale nilipoiacha.

"Umekawia," alisema. "Nilifikiri umepanda meli."

Nilitua bidoni chini. Yeye akatafuta kikombe, akamimina maji, akanywa yote, akapangusa mdomo.

"Ile siku nilichota mara mbili," alisema. "Nilikukosa, nikamwaga maji uani, nikarudia chemchemi. Nilifikiri nikiingia tena vizuri, nitakukuta."

"Leki, nilikosa. Nisamehe."

Aligeuza kikombe, akakiweka juu ya bidoni.

"Mama alikusamehe mbele," alisema. "Mimi niko nyuma kidogo. Nakuja."

Nilimsindikiza mpaka barabara kubwa. Jua lilikuwa limeshuka na kweli mtumbwi ulikuwa hausubiri. Nilimuuliza kama atakuja Jumapili.

"Nikikukuta," alisema, akaenda bila kugeuka.

Nilirudi ndani. Chumba kilikuwa na giza la jioni, na viti viwili vimekaa bega kwa bega mbele ya kioo. Nilivuta begi chini ya kitanda. Nusu ya nguo ilikuwa bado ndani, imekunjwa tangu Kampala. Nikaanza kutoa mashati, moja moja, nikitafuta ukutani misumari ya kuyatundika.