Nurumani Ilipofika Malindi

Mavyaa wangu, mama wa mume wangu, alikuwa muongo, na nalisema hili kwa mapenzi. Hakumdhulumu mtu kwa uongo wake. Alikuwa akitunga tu, kama wenzake walivyokuwa wakishona kofia.

Kila baada ya alasiri wanawake wa jengo letu pale Malindi, mtaa wa bandarini kisiwani kwetu, walipanda kwake, wakakaa mkekani na kofia zao mapajani, naye akachambua mchele huku akiwahadithia habari za nchi iliyo nyuma ya Jabali Kafu, mwisho wa dunia. Mimi niliikuta hadithi hiyo nilipoolewa, mwaka uliofuatia Mapinduzi. Hata nilipojifungua mtoto wa pili, mwana wa mfalme wa hadithi hiyo alikuwa bado hajaoa.

Katika nchi hiyo majini wenye mguu mmoja walichimba madini yaitwayo nurumani. Mtu akiyashika mkononi, hawezi kusema uongo. Kadhi wao alikuwa nayo pale barazani, na wafanyabiashara wote wakenda kwake wamejifunga vitambaa mikononi, wakidai wameungua.

Sisi tulicheka. Jirani yetu wa chini hakucheka. Mumewe alikuwa kuli bandarini, na siku hizo alikuwa akirudi baada ya Isha, meli iwepo isiwepo, kisha akila matonge mawili na kusema ameshiba.

"Bibi," akauliza, "hiyo nurumani, huku kwetu haipo?"

Mavyaa akasita kuchambua mchele. Nilijua maana yake, kwani mikono yake ilisimama kila alipokuwa anabuni.

"Ipo kidogo," akasema. "Watu wa kale waliileta, ikabaki kule Mtoni, kwenye magofu. Nyeusi, nzito, ina vimeta."

Ijumaa iliyofuata jirani akajifunga buibui lake kwenda Mtoni. Mavyaa akanivuta mlangoni, akaninong'oneza, "Nenda naye. Mwache azunguke, achoke, mrudi."

Tukazunguka. Mawe yote ya pale ni ya matumbawe, meupe, kama yalivyo mawe ya kisiwa kizima. Nilikuwa nishafungua mdomo niseme turudi, nikamsikia anapiga kelele huko ufukweni. Ameinua jiwe kubwa kama ngumi, jeusi, zito, linametameta. Baadaye mume wangu alisema huenda lilitupwa na meli za zamani zilizobeba mawe ya kutilia uzito.

Mavyaa alipoliona, rangi ilimpotea.

"Ndiyo yenyewe?" jirani akauliza.

"Ndiyo," akajibu.

"Ishike basi, Bibi, uone uzito wake."

"Mikono yangu ina samaki, mwanangu."

Siku hiyo tulikuwa tumepika maharage.

Mume wa jirani aliporudi, mimi na mavyaa tulikuwa tumekwishakaa kwenye ngazi, kimya, kanga mdomoni. Mlango wao ulikuwa wazi.

"Shika hii," tukamsikia mkewe.

"Ya nini?"

"Shika tu. Nurumani."

Jengo zima lilikuwa linaijua nurumani. Mwanamume akalipokea jiwe.

"Haya, unakwenda wapi kila siku?"

Yule kuli, mtu wa kubeba gunia la karafuu kama mto wa kulalia, akasema kwa sauti ndogo, "Kwa mama. Nnakula."

"Unakula?"

"Mchuzi wako una ndimu mpaka meno yanashtuka. Sikutaka kukuudhi. Nnakula kule, kisha nnajilazimisha na hapa."

"Na mama yako humwambii kitu?"

"Nilimwambia unaumwa, huwezi kupika." Angeweza kuishia hapo, lakini nadhani alikuwa amekwishaamini kwamba hana hiari. "Ndiyo maana analeta ile dawa."

"Dawa gani? Mwarubaini? Ulinambia ya kusafisha damu!"

"Ni ya ugonjwa wako."

"Toba! Tangu Ramadhani nnakunywa mwarubaini, na siumwi!"

Mavyaa alikuwa ameikumbatia nguzo ya ngazi, machozi yanamtoka kwa kicheko. Hakupata nafasi ya kujifuta. Jirani alitoka mbio na jiwe, akatukuta pale pale. Hakutuuliza tunafanya nini.

"Bibi, inafanya kazi," akasema. "Ikae kwako. Mimi nshayajua ya kunitosha."

Nyumba yetu ikaharibika. Jiwe likawekwa dirishani, na mume wangu akawa anamwamkia mama yake kutoka mlangoni, "Shikamoo," akaitikiwa "Marahaba," akapotea. Wanawake wakabanana ncha ya pili ya mkeka. Asiyejali alikuwa baba mkwe peke yake. Alasiri moja alilichukua jiwe kwa mkono wake, apate pa kuweka kikombe cha kahawa. Sindano zote zikasimama.

Mmoja wa wanawake akawahi, "Babu, unazipenda hadithi za Bibi?"

"Sizijui," akasema bila ya kufikiri. "Huwa nnalala." Akanywa kahawa, akamgeukia mkewe. "Ila yule mfalme aliyeoa kobe. Ile ilinipendeza. Mbona hukuimaliza?"

Mavyaa alikuwa amekunja uso kwa jibu la kwanza, akaukunjua kwa la pili, akabaki hajui akae na uso gani. Akamnyang'anya jiwe, na kabla hajaliweka chini jirani akamkamata mkono.

"Bibi, tuambie. Nurumani ipo kweli?"

Mavyaa akatutazama mmoja mmoja.

"Ipo," akasema.

"Mmesikia!" jirani akawaambia wenzake, na mjadala ukafungwa. Hadithi ya kobe ikaanza palepale, ikachukua masika yote.

Jirani aliacha mwarubaini, lakini ndimu hakuipunguza. Alikwenda kwa mavyaa wake kumwonyesha kwamba ni mzima, akakaribishwa chakula, akaonja. Aliporudi alipanda kwetu kunieleza, nusu kwa hasira, kwamba mumewe ana haki. Tangu hapo Isha ikisaliwa walikuwa wakitoka wote wawili, yeye mbele na buibui lake, mume nyuma amebeba kikapu, wakenda kula.