Shangazi Aliyegoma Kufufuka

Shangazi yangu nimemzika mara kumi na moja, na mara zote nimerudi naye nyumbani tukigombana njia nzima.

Msinitazame hivyo. Shangazi ni mwigizaji. Mimi kazi yangu ni kumpaka poda ya maiti.

Ameigiza miaka ishirini na tisa. Alianza na binti mrembo, akaja kuwa mke aliyeachwa, akaishia mama mkwe mwenye roho ya chatu. Mpaka leo akipita sokoni kuna akina mama wanamsonya. Alipoona kila mwongozaji anampa kufa tu, akaanza kutengeneza filamu zake mwenyewe. Na humo pia akafa, maana anasema hakuna anayejua kufa kama yeye.

Kwenye filamu zake kuna sheria moja: neno "kata", la kusimamisha kamera, ni lake. Mwongozaji yupo, ana kofia na kiti, ila kukata hakati. Alijaribu siku moja, akafokewa mpaka wiki nzima akawa anaomba ruhusa ya kwenda msalani.

Juzi daktari akamwambia moyo umechoka, apumzike la sivyo utasimama. Akajibu atapumzika filamu ikiisha. Ipi, hakusema.

Basi siku hiyo tuko kwenye sebule ya kuazima, mapazia yamefungwa, taa zinaunguza kama tanuri. Shangazi jenezani. Kamera ikaanza.

Waombolezaji wakalia dakika mbili, kama walivyopangiwa. Jeneza kimya.

Wakaongeza. Dakika ya tano maneno yamewaishia. Aliyeigiza mume akaanza kumsimulia marehemu habari za paa linalovuja. Dada mmoja akazimia mara ya tatu. Mwongozaji ananitazama mimi, mimi namtazama mpiga kamera, mpiga kamera anatazama viatu vyake. Nani mwenye ubavu wa kulisema neno la mwenyewe?

Dakika ya tisa kicheko kikaniisha. Nilikuwa namkazia macho kifuani, na sikukiona kikipanda.

Poda yangu ni nzuri, jamani, lakini si kiasi kile.

"Kata," nikasema. Sauti ilitoka kama ya kifaranga.

Nikalivamia jeneza, nikamshika mkono. Una joto. Akafungua jicho moja.

"Nani amekata?"

"Mimi, shangazi. Nisamehe. Nilidhani umelala, au..."

"Niko macho tangu mwanzo. Nilikuwa nasubiri."

"Unasubiri nini?"

"Mtu mwingine aseme. Miaka yote hii, mwanangu, nikichoka lazima niwatangazie mwenyewe."

Nikamwambia mbona mimi nilishamwambia aache, tena si mara moja.

"Uliniambia niache," akasema taratibu, "halafu ukanipaka poda."

Nikalifunga kopo la poda.

Hakuinuka. Aliomba mto, akalala humohumo jenezani saa nzima, anakoroma, na watu wazima tukala chakula chetu kwa kunong'ona. Filamu tuliimalizia bila yeye. Mwongozaji alikata mara arobaini siku ile, nusu yake bila sababu yoyote.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, kama una mtu wako aliyechoka, usimwambie apumzike. Ameshaambiwa na kila mtu. Mpokonye mzigo.

Akikufokea, fokewa.